Claude Rains: Alishindwa kutamka jina lake, akawafundisha wengine kusema

KWA sisi tuliokulia makambini nchini Tanzania, herufi moja tu ilitosha kututangaza. Mtoto aliyesema anakwenda kurara badala ya kulala alijulikana hapo hapo kuwa ni Mrundi, na darasa zima likacheka. Tuliporudi nyumbani mambo yakageuka. Kirundi chetu kikaonekana kimechanganyika na Kiswahili, Kifaransa hatukuwa nacho, na ndugu zetu waliobaki wakatutambua hata kabla hatujamaliza salamu. Kule tulikuwa wageni kwa sababu ya ulimi, na huku tukawa wageni kwa sababu ya ulimi huo huo.

Mimi ni mwalimu. Kila mwaka napokea wanafunzi waliorudi na wazazi wao, na miongoni mwao wapo ambao jibu wanalijua lakini mkono hawanyooshi. Wanaogopa kufungua kinywa. Kwa ajili yao, na kwa ajili ya wafanyabiashara wetu wa Mugina na Kobero wanaobadili lugha mpakani kama wanavyobadili fedha, leo napenda nisimulie maisha ya mwigizaji wa Kiingereza aliyefariki dunia mwaka 1967. Jina lake ni Claude Rains.

Wapenzi wa sinema za zamani watamkumbuka kama kapteni wa polisi katika filamu ya Casablanca, au kama yule mtu asiyeonekana aliyefungwa bandeji uso mzima. Hakuwa steringi. Katika mabanda ya video tulizoea kuwagawa watu makundi mawili, steringi na adui, na waliobaki tuliwahesabu kuwa ni wa kufa mapema. Rains alikuwa katika kundi ambalo hatukulipatia jina. Ni wale waigizaji wanaocheza mtu mmoja leo na mtu mwingine kabisa kesho, hawapewi picha kubwa kwenye tangazo, lakini filamu ikiisha ndio unaobaki nao kichwani.

Sifa yake kubwa ilikuwa sauti. Wataalamu wa sinema wameisifu kuwa miongoni mwa sauti nzuri kuliko zote zilizopata kusikika kwenye filamu za Kiingereza. Jambo ambalo wengi hawakulijua ni kwamba sauti ile hakuzaliwa nayo.

Utoto wa dhiki

William Claude Rains alizaliwa Novemba 10, 1889, jijini London, upande wa kusini wa mto Thames. London ya wakati ule ilikuwa makao makuu ya dola kubwa kuliko zote duniani, lakini upande ule wa mto ulijaa watu wa hali ya chini waliobanana katika vyumba vidogo. Baba yake, Fred Rains, alikuwa mwigizaji, kazi ambayo leo ina mshahara na kesho haina. Mama alipokea wapangaji nyumbani ili chakula kipatikane. Watoto walizaliwa wengi katika nyumba ile, na wengi wao walizikwa wangali wachanga.

Willie, kama alivyoitwa nyumbani, hakukaa shuleni muda mrefu. Aliacha masomo akiwa bado mdogo akawa muuza magazeti, na senti alizopata alimpelekea mama yake. Aliimba pia katika kwaya ya kanisa, nako akapata visenti vingine vya kupeleka nyumbani.

Mtoto huyu alikuwa na mizigo miwili kinywani mwake. Mzigo wa kwanza ulikuwa lafudhi ya Cockney, yaani Kiingereza cha watu maskini wa London. Wenye lafudhi hiyo huimeza herufi h mwanzoni mwa neno na huzivuta irabu kwa namna yao, na katika Uingereza ya siku zile mtu alipimwa kwa lafudhi kabla ya kupimwa kwa akili au kwa kazi ya mikono yake. Aliyesema hivyo alitarajiwa kubeba mizigo bandarini au kusukuma mkokoteni, si kusimama mbele ya mabwana na mabibi waliolipa kiingilio.

Mzigo wa pili ulikuwa mzito zaidi. Willie alikuwa na kigugumizi, na herufi r ilimshinda kabisa. Ilipaswa kutoka r, ikatoka w. Sasa msomaji, angalia bahati ya mtoto huyu: jina la ukoo wake linaanza na herufi hiyo hiyo. Kila alipoulizwa yeye ni nani, alitaja jina ambalo si lake. Alijiita Willie Wains.

Kuanzia mlango wa nyuma

Kwa kuwa baba yake alikuwa mtu wa jukwaa, Willie alizoea mazingira ya kumbi za maigizo tangu utotoni. Mwaka 1900, akiwa na umri wa miaka 10, alipanda jukwaani kwa mara ya kwanza katika ukumbi wa Haymarket, kwenye mchezo uitwao Sweet Nell of Old Drury. Kazi yenyewe ilikuwa kukimbia tu jukwaani pamoja na watoto wengine.

Baadaye alipata kazi katika ukumbi wa His Majesty's. Alianza na kazi ya chini kuliko zote, ile ya kijana wa kugonga milango ya vyumba vya waigizaji na kuwajulisha kwamba zamu yao imekaribia. Kutoka hapo alipanda akawa mnong'onezaji. Huyu ni mtu anayejificha pembeni ya pazia na kitabu mkononi, mwigizaji akisahau maneno yake anamtupia kwa sauti ndogo ili watazamaji wasijue. Hebu fikiri: kijana mwenye kigugumizi, anayajua maneno ya mchezo mzima kwa moyo, lakini kazi yake ni kuwapa wengine wayaseme. Kutoka hapo akawa msimamizi wa jukwaa, kisha mwigizaji wa akiba anayengoja mwenzake augue.

Ukumbi ule ulikuwa wa Herbert Beerbohm Tree, mwigizaji na tajiri wa michezo aliyekuwa na jina kubwa London nzima. Ndiye huyo huyo aliyeanzisha mwaka 1904 chuo cha maigizo ambacho baadaye kilipewa hadhi ya kifalme na ambacho hadi leo kinatoa waigizaji mashuhuri. Tree alimwona kijana huyu na hakumficha ukweli. Alimweleza kwamba akiendelea na lafudhi ile na kigugumizi kile, hawezi kufika popote katika uigizaji.

Maneno kama hayo wengi wetu tumeambiwa, na mara nyingi aliyeyasema aliishia hapo. Tree hakuishia hapo. Alitoa fedha zake, akamnunulia Willie vitabu vya matamshi na akamlipia masomo. Masomo ya namna hii hayana njia ya mkato. Mtu hurudia sauti moja mara nyingi hadi achoke, akijifunza ulimi uguse wapi, pumzi itoke lini, na neno liishie wapi. Kwa mtu mwenye kigugumizi ni kama kujifunza kutembea upya ukiwa mtu mzima. Kidogo kidogo ile r iliyomshinda ikakubali, maneno yakaacha kukwama, na kijana wa kusini mwa mto akapata sauti ambayo hata mabwana wa upande wa kaskazini waliitamani.

Vita vyachukua jicho

Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia ilipopamba moto, Rains alijiunga na kikosi cha London Scottish kama askari wa kawaida. Ni ajabu kidogo, lakini katika kikosi hicho kimoja walipita waigizaji kadhaa ambao baadaye wote walikuja kuwa na majina Marekani, wakiwemo Basil Rathbone, Ronald Colman na Herbert Marshall.

Mwezi Novemba 1916, huko Vimy nchini Ufaransa, Rains alikumbwa na shambulio la gesi ya sumu. Gesi iliharibu jicho lake la kulia kiasi kwamba alibaki na uwezo mdogo sana wa kuona upande huo kwa maisha yake yote, na koo nalo likaathirika. Hakurudi tena mstari wa mbele, lakini hakuliacha jeshi. Alipewa kazi nyingine na vita vilipomalizika mwaka 1918 alikuwa amepanda kutoka askari wa kawaida hadi cheo cha kapteni.

Ukizitazama filamu zake huwezi kujua kwamba mtu yule anaona kwa jicho moja. Hakulifanya jeraha lake kuwa hadithi ya kuomba huruma. Alirudi jukwaani akaendelea na kazi pale alipoachia.

Mwalimu na wanafunzi wake

Katika miaka ya 1920, chuo kile kilichoanzishwa na Tree kilimchukua Rains awe mwalimu. Mtoto aliyeacha shule akauza magazeti, aliyeshindwa kutamka jina lake, sasa alisimama mbele ya vijana wa Kiingereza na kuwaonyesha jinsi ya kusema. Mimi kama mwalimu, hapa ndipo huwa nasimama kidogo kila ninapokumbuka maisha yake.

Wanafunzi wake hawakuwa watu wadogo. Mmoja alikuwa John Gielgud, aliyekuja kuwa miongoni mwa waigizaji wakubwa kuliko wote wa michezo ya Shakespeare katika karne ya 20 na kupewa heshima ya Sir mwaka 1953. Mwingine alikuwa Charles Laughton, mtoto wa wenye hoteli ya Scarborough. Gielgud hakuona haya kueleza baadaye kwamba katika ujana wake alimuiga mwalimu wake huyo.

Walimu wenzangu wanajua kwamba mwanafunzi akikupita, unafurahi na unaumia kwa wakati mmoja. Kwa Rains jambo hili lilitokea kwa namna ya kipekee, na tutaliona mbele.

Uso usioonekana

Mwishoni mwa miaka ya 1920 Rains alihamia Marekani akacheza katika kumbi za New York. Alifanya kazi na kundi maarufu la Theatre Guild, na mwaka 1932 alicheza kama mkulima wa Kichina katika mchezo uliotokana na kitabu cha The Good Earth. Alikuwa mtu wa kuheshimika, lakini sinema ilikuwa bado haijamjua. Mara moja tu alikuwa ameonekana kwenye filamu, nayo ilikuwa filamu bubu ya Kiingereza ya mwaka 1920. Ni kichekesho kwamba mtu aliyehangaika miaka yote hiyo kupata sauti aliingia kwenye sinema wakati sinema yenyewe haikuwa na sauti.

Alipofanyiwa majaribio ya kamera Marekani, alishindwa. Alizoea kuigiza kwa ajili ya mtu aliyekaa kiti cha nyuma kabisa ukumbini, na mbele ya kamera ishara zake zilionekana kubwa kupita kiasi. Lakini wakati huo mwongozaji James Whale, naye Mwingereza, alikuwa akitafuta mtu wa kucheza The Invisible Man, hadithi ya H. G. Wells kuhusu mwanasayansi anayegundua dawa ya kutoonekana na kuishia kuwa mwendawazimu. Inasimuliwa kwamba Whale aliisikia sauti ya Rains kutoka kwenye majaribio yale yale yaliyoshindwa, na hakutaka kusikia habari ya mtu mwingine.

Filamu hiyo ilitoka mwaka 1933. Kuanzia mwanzo hadi karibu na mwisho, Rains amefungwa bandeji na kuvaa miwani myeusi, au haonekani kabisa. Kilichopo ni sauti peke yake: inacheka, inatisha, inabembeleza, inaamuru. Uso wake unaonekana dakika ya mwisho tu, mhusika anapokata roho. Wakati ambapo waigizaji wengi walipata umaarufu kwa uzuri wa sura, yeye alipata jina bila sura. Alikuwa na umri wa miaka 44.

Mwaka huo huo wa 1933 ndipo filamu ya mwanafunzi wake, Charles Laughton, ilipotoka, ile ya maisha ya Mfalme Henry wa Nane. Laughton alipata tuzo ya Oscar ya mwigizaji bora. Mwalimu ndiyo kwanza alikuwa anabisha hodi.

Hodi yake ilisikika. Kampuni ya Warner Bros. ilimchukua, na kuanzia hapo alicheza kila aina ya mtu. Alikuwa Prince John, mtawala mwenye hila, katika The Adventures of Robin Hood ya mwaka 1938. Alikuwa seneta anayeheshimiwa na taifa zima ilhali amekwishanunuliwa, katika Mr. Smith Goes to Washington ya mwaka 1939. Alikuwa daktari wa maradhi ya akili mwenye upole katika Now, Voyager ya mwaka 1942, pamoja na Bette Davis ambaye alicheza naye katika filamu nne. Mwaka 1939 alichukua uraia wa Marekani.

Kapteni wa Casablanca

Casablanca niliiona kwa mara ya kwanza nikiwa chuo cha ualimu, katika kaseti iliyochakaa. Nilidhani nitaona filamu ya mapenzi ya Wazungu. Nilichokiona ni habari zetu.

Ni wakati wa Vita ya Pili. Wajerumani wameiteka Ufaransa mwaka 1940, na watu wanaokimbia wanashuka hadi Marseille, wanavuka bahari hadi Oran, wanaambaa pwani ya Afrika hadi Casablanca nchini Morocco. Kutoka hapo wanatafuta ndege ya kwenda Lisbon na hatimaye Marekani. Lakini Casablanca huondoki bila kibali. Hivyo wanakaa. Wanauza vito vyao kwa bei ya kutupa, wanauliza habari kwenye mikahawa, wanasubiri karatasi. Wengine wanasubiri hadi wanasahau walikuwa wanasubiri nini.

Mwenye mhuri ni Kapteni Louis Renault, mkuu wa polisi wa Kifaransa anayeitumikia serikali ya Vichy iliyoshirikiana na Wajerumani. Huyu ndiye Rains. Ana sare safi, tabasamu jepesi na maneno ya mzaha, na vibali anaviuza. Mwenye fedha hulipa fedha. Wanawake vijana wasio na fedha anawataka kwa njia nyingine, na hilo filamu hailifichi. Upepo ukivuma huku anainama huku, ukivuma kule anainama kule.

Kila aliyewahi kukaa kwenye benchi akisubiri karatasi yake itiwe mhuri anamfahamu Kapteni Renault. Mimi wangu ninamkumbuka hadi leo, kalamu yake ya bluu na saa yake ya mkononi. Sitasema ilikuwa wapi, maana hata wewe msomaji una wako.

Rains angeweza kumcheza mtu huyu kama adui wa kuchukiwa. Hakufanya hivyo. Alimcheza kama mtu mwerevu anayejijua kwamba ameoza na anaufanyia mzaha uozo wake mwenyewe, na ndani kabisa kimebaki kitu kidogo ambacho hakijafa. Tunacheka naye, kisha tunaona aibu kwa kucheka. Mwishoni kabisa, uwanjani wa ndege, steringi wa filamu, Humphrey Bogart, anampiga risasi meja wa Kijerumani mbele ya macho ya kapteni. Askari wanafika. Renault anaweza kumkabidhi. Ananyamaza kidogo, kisha anawatuma askari wake wakamtafute muuaji kwingine. Anachukua chupa ya maji yenye jina la Vichy, anaitupa kwenye pipa la taka na kulipiga pipa teke. Hakuna hotuba. Mtu ameamua, basi.

Jambo la kushangaza zaidi liko nyuma ya kamera. Filamu hiyo ilipigwa mwaka 1942 ndani ya studio huko California, hakuna aliyekanyaga Morocco. Lakini miongoni mwa waigizaji ambao majina yao yameandikwa mwanzoni, waliozaliwa Marekani walikuwa watatu tu, na wengi wa waliobaki walikuwa wakimbizi wa kweli. Conrad Veidt, anayecheza meja wa Kijerumani, aliikimbia Ujerumani pamoja na mke wake Myahudi.

Kuna sehemu maarufu ambapo Renault anaufunga mkahawa kwa kisingizio kwamba amegundua kumbe ndani mnachezwa kamari, na papo hapo mfanyakazi wa meza ya kamari anamletea fedha alizoshinda yeye mwenyewe. Mfanyakazi yule ni Marcel Dalio, mwigizaji wa Kifaransa wa asili ya Kiyahudi. Dalio alikuwa ameikimbia Paris mwaka 1940 pamoja na mkewe Madeleine Lebeau, wakapita Lisbon, wakapanda meli wakiwa na viza za Chile. Meli ilipofika Mexico ikagundulika kwamba viza zile ni za kughushi, wakakwama hadi walipopata hati za muda za Kanada. Basi mtu aliyeuziwa viza za uongo ndiye anayemkabidhi fedha kapteni anayeuza viza. Walioandika filamu waliandika mchezo, lakini waliousimama mbele ya kamera walikuwa wanakumbuka.

Mara nne bila tuzo

Casablanca ilitunukiwa Oscar ya filamu bora mwaka 1944. Rains alikuwa ameteuliwa kuwania tuzo ya mwigizaji bora msaidizi. Hakupata.

Hakupata mara nne. Mara ya kwanza kwa seneta wa mwaka 1939, mara ya pili kwa Kapteni Renault, mara ya tatu kwa Mr. Skeffington ya mwaka 1944, na mara ya nne kwa Notorious ya Alfred Hitchcock, mwaka 1946. Katika filamu hii ya mwisho anacheza mfuasi wa Hitler aliyejificha Brazil, anayempenda mke wake kwa dhati na kugundua kwamba mke huyo ni jasusi. Ingrid Bergman, aliyecheza kama mkewe, alimzidi kimo, ikabidi pafanyike ujanja wa kumwinua Rains ili walingane mbele ya kamera. Hata hivyo, mwisho wa filamu, anapogeuka kupanda ngazi kurudi ndani kwa wenzake watakaomuua, mtazamaji anajikuta akimhurumia adui.

Mwaka ule tuzo ilikwenda kwa Harold Russell, askari wa Marekani aliyepoteza mikono yote miwili katika ajali ya baruti jeshini mwaka 1944. Hakuwa hata mwigizaji kwa kazi. Askari aliyepoteza jicho katika vita ya kwanza alishindwa na askari aliyepoteza mikono wakati wa vita ya pili.

Na yule mwanafunzi wake wa pili, John Gielgud? Alikuja kupata Oscar mwaka 1982 kwa filamu ya Arthur. Ilikuwa tuzo ya mwigizaji bora msaidizi, ile ile iliyompita mwalimu wake mara nne. Rains alikuwa kaburini miaka 15.

Lakini tusiseme kwamba aliondoka mikono mitupu. Mwaka 1951 alirudi kwenye jukwaa la New York katika Darkness at Noon, mchezo kuhusu mwanamapinduzi mzee aliyefungwa na chama chake mwenyewe, na akapata tuzo ya Tony, ambayo ndiyo kubwa kuliko zote kwa waigizaji wa jukwaani Marekani. Jukwaa lililomlea ndilo lililomkumbuka.

Mkulima wa Pennsylvania

Mwaka 1941 Rains alinunua shamba huko Pennsylvania, mbali sana na taa za Hollywood. Halikuwa shamba la kujionyesha. Alilima, alifuga, na alipokuwa studio akisubiri zamu yake alikuwa akisoma vitabu vya kilimo. Waliokulia katika umaskini wa mjini wanaelewa maana ya kuwa na kipande cha ardhi chenye jina lako, na sisi tuliorudi tukakuta mashamba ya baba zetu yana watu wengine tunaelewa zaidi.

Nyumba hazikumkalia vizuri kama mashamba. Alioa mara sita. Ndoa yake ya nne, iliyodumu kuliko zote, ilimpa mtoto wake wa pekee, Jessica, aliyezaliwa mwaka 1938. Ndoa hiyo ilipovunjika mwaka 1956, na shamba nalo likauzwa. Mke wa mwisho, Rosemary, alifariki mwishoni mwa mwaka 1964, miaka minne tu baada ya kuoana.

Uzee haukumzuia kufanya kazi. Mwaka 1962 alionekana katika Lawrence of Arabia kama Dryden, ofisa wa Kiingereza anayepanga mambo makubwa kwa sauti ya chini. Mwaka huo huo ilitoka sahani ya santuri ambamo anasimulia shairi refu la Tennyson, huku mpiga piano wa Kanada Glenn Gould akipiga muziki nyuma yake. Filamu yake ya mwisho ilitoka mwaka 1965, akiwa Mfalme Herode katika hadithi ya maisha ya Yesu.

Alifariki Mei 30, 1967, katika mji wa Laconia, jimbo la New Hampshire, akiwa na umri wa miaka 77. Alizikwa kando ya mkewe Rosemary katika makaburi ya Red Hill.

Alichokiacha

Yupo atakayeuliza: je, si aibu kwamba mtu alilazimika kuiacha lugha ya mama yake ndipo apewe kazi? Swali hilo ni la haki, na mimi nimejiuliza mara nyingi. Wanafunzi wa London hawakupaswa kuchekwa kwa ajili ya Cockney, kama sisi tusivyopaswa kuchekwa kwa ajili ya kurara. Ulimwengu uliomdai Rains sauti nyingine haukuwa ulimwengu wa haki.

Lakini habari za lafudhi ile nzito, na za mtoto aliyejiita Willie Wains, tumezipata kutoka kwa binti yake Jessica. Maana yake ni kwamba yule mzee mwenye sauti ya dhahabu hakumzika mtoto wa kusini mwa mto. Jessica alimjua baba yake wa sinema, na alimjua pia Willie. Sauti mpya ilikuwa koti la kazini. Mtu akiwa na koti zuri hatupi ngozi yake.

Ndivyo ninavyowaambia wanafunzi wangu. Jifunze Kifaransa cha ofisini, nyoosha Kirundi cha nyumbani, usikitupe Kiswahili kilichokulea. Mfanyabiashara wa mpakani anajua kwamba anayebeba fedha za aina tatu halali njaa upande wowote wa mto. Na aliye mwalimu, au tajiri, au mkuu wa kazi, akikutana na kijana anayekwama kwenye herufi moja, akumbuke kwamba Herbert Beerbohm Tree hakucheka. Alilipa ada.

Jumatatu nitaingia darasani kama kawaida. Kuna msichana mmoja wa mstari wa nyuma aliyerudi mwaka jana, ambaye tangu wakati huo sijasikia sauti yake. Nitamwita kwa jina, na nitasubiri. Sitakuwa na haraka.